Kabla Hudi Haijapanda Darini

Hotuba kwa mafundi wa viyoyozi, Chang'ombe, Dar es Salaam

Wakubwa zangu, shikamooni. Walimu, mafundi wenzangu, na nyinyi vijana mliojibanza nyuma kule karibu na mlango mkidhani sitawaona, habari za asubuhi.

Mwandaaji aliponipigia simu kuniuliza nitazungumzia nini, nikamwambia: hudi. Akanyamaza kidogo, kisha akauliza kwa adabu, "Hudi ya jikoni, mzee?" Nikamwambia hapana, ile ya kupimia hewa inayotoka kwenye difyuza, yaani tundu la dari linalomwaga hewa ya kiyoyozi. Wengine mnaiita balometa. Kijana wangu mmoja wa karakana anaiita sketi, na ukiitazama huwezi kumlaumu: kitambaa juu kipana, chini chembamba, na kiuno chenye skrini. Leo nimekuja nayo, ipo kwenye hilo begi hapo mezani, na hatutaifungua mpaka mwisho.

Nianze na aibu yangu mwenyewe, maana ndiyo iliyonifundisha kuliko darasa lolote.

Wakati huo bado nina nywele kichwani, tulipewa ghorofa moja la ofisi pale Posta tusawazishe hewa. Difyuza 46. Nikapanda, nikashuka, nikaandika. Kila difyuza ilikuwa pungufu kama asilimia 15 ya namba iliyokuwa kwenye mchoro. Sasa fundi mwenye akili zake, akiona difyuza 46 zote zimepungua kwa kiasi kilekile, lazima ajiulize jambo. Mimi sikujiuliza. Nikafungua dampa, vile vilango vya kuongeza na kupunguza hewa, nikabadilisha puli ya feni ili izunguke kwa kasi zaidi, nikapima tena, namba zikakaa kama zilivyo kwenye mchoro, nikajiona bingwa. Kesho yake saa 3 asubuhi simu ikaita. Mama wa mapokezi, kwa sauti ya upole kabisa: "Mwanangu fundi, mbona umetuhamishia Njombe?" Nilipofika nilimkuta amevaa sweta, juu ya sweta amejitanda kitenge, na karatasi zake za mezani kazikandamiza kwa stepla na kikombe cha chai zisipeperuke.

Ubovu haukuwa kwenye feni wala kwenye dakti, ile njia ya bati inayopitisha hewa. Ulikuwa kwenye hudi yangu. Mrija mmoja mwembamba wa silikoni, ule wa upande wa presha ndogo, ulikuwa umechomoka nusu mahali unapochomekwa kwenye manomita, kile kipima presha cha hudi. Ukiutazama kwa mbali, umekaa. Ukiugusa, unacheza. Hudi ikawa inasoma pungufu, na ikasoma pungufu bila kuyumba, difyuza baada ya difyuza, siku nzima. Puli ya zamani niliirudisha kwa gharama yangu.

Nataka tuelewane hapo. Drili ikiharibika, haizunguki. Taa ikiungua, unakaa gizani na unajua. Hudi haikosi jibu. Mbovu au nzima, ukiinyanyua itakupa namba, tena yenye nukta na desimali. Kwa hiyo kazi yetu ni kuihoji kabla hatujaiamini.

Tuone ndani kuna nini. Pale kiunoni, sketi inapoishia, kuna gridi ya mirija yenye vitundu. Vitundu vya upande mmoja vimetazama upepo unakotoka, vya upande wa pili vimeupa mgongo. Tofauti ya presha kati ya pande hizo mbili ndiyo manomita inayoisoma, kisha inapiga hesabu ya kasi, inazidisha na eneo, inakupa mita za ujazo kwa saa. Hakuna uchawi. Ila hiyo tofauti ni ndogo mno, na hapa naomba mnivumilie na hesabu.

Chukua difyuza inayotoa mita za ujazo 500 kwa saa, hewa yote ipite kwenye kiuno cha sentimita 40 kwa 40. Kasi inakuwa kama mita 0.87 kwa sekunde. Presha ya kasi hiyo haifiki nusu ya paskali. Nusu paskali ni nini? Mwaga maji kwenye sahani yafike kina cha milimita 1. Uzito wa maji hayo unaikandamiza sahani kwa takriban paskali 10. Sisi tunapima sehemu ya 20 ya hapo. Gridi nyingine huikuza presha kidogo, lakini bado tuko kwenye udogo huohuo. Sasa manomita yako ikiwa imepotea kwa paskali 0.1 tu, difyuza hiyo ya 500 utaisoma 550. Utasema si neno. Haya, nenda kwenye difyuza ndogo ya 200. Presha yake ni kama paskali 0.07. Kosa limeshakuwa kubwa kuliko kitu unachokipima, na skrini itakuandikia 300 na ushee huku ikikutazama usoni.

Ndiyo maana sifuri inakuja kwanza. Manomita nyingine hujirudisha sifuri zenyewe, nyingine zinakungoja. Vyovyote iwavyo, iwashe, iache ipate joto lake, iweke mezani mbali na feni na mlango, pande zote mbili zikiwa kwenye hewa moja isiyotembea, kisha angalia. Mirija iguse mmoja mmoja kwa vidole, usiitazame tu. Irudie gridi kitundu kwa kitundu. Hudi yangu iliwahi kukaa stoo miezi mitatu, nikakuta nyigu amejenga nyumba ya udongo kwenye mdomo wa mrija. Na tafadhali sana, mtu asipulize mirija kwa mdomo. Pumzi ya mtu mzima akikaza mashavu inafika maelfu ya paskali, na inakwenda na mate. Umempelekea gharika mtu aliyezoea umande.

Nikitaja umande, nimefika kwenye Dar yetu. Vitabu vingi vya kazi hii vimeandikwa kwenye nchi ambazo hewa ni kavu. Hapa mwezi wa pili unatoka kwenye gari lenye kiyoyozi, miwani inaingia ukungu palepale. Kilichoipata miwani kimeipata gridi. Hudi iliyolala kwenye chumba cha nyuzi 20, ukiifungua kwenye jengo ambalo bado halijapozwa, inatoka jasho mpaka ndani ya vitundu, na tone moja la maji kwenye mrija mwembamba ni kizibo. Mimi huifungua begi, nikaiacha kama dakika 20 ndani ya chumba nitakachopima, nikaenda kuzungumza na mlinzi. Wenzetu wa Masaki na Msasani wana la ziada: chumvi ya bahari inakula pini na viungo vya fremu. Ukimaliza kazi huko, futa kwa kitambaa chenye unyevu wa maji yasiyo na chumvi, kausha, ndipo ufunge begi.

Sasa kuiunganisha. Nilitaka nipite haraka hapa, lakini kuna jicho la mtu linanizuia.

Sketi inasimamishwa na fito nne nyembamba, nyingi ni za faiba, unazikunja kama upinde ndipo ziingie kwenye kona za fremu. Upinde uliokunjwa una nguvu. Kijana mmoja tuliyekuwa naye aliinamia hudi usoni kabisa ili aone tundu la kona ya nne, ufito wa kona ya tatu ukachomoka. Ulimpata juu kidogo ya nyusi. Kidole kimoja chini yake lilikuwa jicho. Tangu siku hiyo, kwangu hudi inaunganishwa hivi: begi chini, fremu ya juu imelala sakafuni, miwani ya usalama usoni kabla ya ufito wa kwanza, uso pembeni, na mkono mmoja unashikilia kona iliyokwisha kuingia wakati mwingine unakunja inayofuata. Kona zinafuatana kwa mshazari, usimalize upande mmoja kwanza, maana fremu itapinda. Kuvunja ni vilevile kinyumenyume, na watu wengi huumia wakati wa kuvunja kwa sababu wamechoka na daladala inawangoja.

Kitambaa kikishasimama, kitazame kwenye mwanga. Tundu la sigara linaonekana, mshono ulioachia unaonekana. Sponji ya ukingoni, ile inayokutana na dari, ibonyeze kwa kidole: ikirudi iko hai, ikibaki imelala badilisha. Hudi inayovuja ukingoni inapima hewa iliyobaki, si hewa iliyotoka.

Kabla hujainyanyua, tazama juu. Kuna pangaboi? Lizimwe, na lisimame kabisa, usikubali kuambiwa "liko mbali". Nyumba zetu nyingi zina vyote viwili, kiyoyozi na pangaboi, na fremu ya hudi ina upana wa sentimita 60. Ukigeuka nayo juu ya ngazi huioni kona yake ya nyuma. Mbali na kukatwa, pangaboi linalozunguka linasukuma hewa ya chumba na namba zako zitacheza. Halafu tazama waya. Silingbodi ikiwa imeondolewa pembeni na kuna nyaya zinaning'inia, fremu ya alumini haipiti hapo mpaka fundi umeme ahakikishe. Tazama na difyuza yenyewe: nyingi zimelazwa tu kwenye fremu ya dari bila skrubu. Ukiisukuma kwa hudi inanyanyuka, hewa inapita kando, na ukishusha inakufuata na vumbi la miaka kumi pamoja na kinyesi cha mijusi. Miwani ile uliyovaa wakati wa fito, usiivue.

Ngazi iwe ya miguu minne, ifunguke yote, na mtu chini. Hudi yenyewe si nzito, nyingi ni kama kilo 3 na nusu, lakini ishike juu ya kichwa nusu dakika, kisha urudie mara 60 kwa siku. Bega likichoka, ukingo unaachia dari, namba inashuka, na wewe unamwandikia feni ugonjwa wa bega lako. Ikiwezekana tumia nguzo yake yenye magurudumu, ubaki sakafuni. Ni ghali kuliko ngazi, najua. Mfupa pia una bei yake pale Muhimbili.

Haya. Tumekaa salama, sifuri iko sawa, kitambaa kizima. Tunajuaje namba ni ya kweli?

Utaniambia una cheti cha kalibresheni, kwamba hudi imelinganishwa maabara na kipimo cha uhakika. Vizuri, kila mwaka hudi ipelekwe, na cheti kihifadhiwe. Ila cheti kinaeleza hudi ilivyokuwa siku ile, kwenye maabara ile. Hakijui kwamba jana ulipanda nayo bajaji kutoka Tegeta hadi Tandika. Ukienda buchani mizani ina alama ya Wakala wa Vipimo. Ukienda sheli pampu ina stika. Na bado mama mzoefu, kabla nyama haijawekwa, hutazama mshale umesimama wapi. Hilo jicho la mama ndilo ninalolitaka kwenye hudi.

Karakana yangu ina kitu tunachokiita difyuza ya nyumbani. Ni boksi la plaiwudi, feni, dakti ya duara ya milimita 300 iliyonyooka, na difyuza moja mwishoni. Asubuhi kabla ya kutoka, hudi inapita hapo. Tunasoma mara tatu, tunaandika kwenye daftari: tarehe, namba tatu, na volti za umeme, kwa sababu volti za mtaani kwetu zikishuka feni nayo inalegea, na usije ukailaumu hudi kwa kosa la nguzo. Zile namba tatu zenyewe kwa zenyewe zikipishana sana, kuna kitu kinacheza. Zikikubaliana lakini zikawa mbali na za wiki iliyopita kwa zaidi ya asilimia 5, hudi haitoki. Daftari hilo lingekuwepo enzi zile, yule mama wa mapokezi asingetafuta kitenge cha pili.

Na mara chache kwa mwaka tunaihakiki kwa njia nyingine kabisa, isiyopitia hudi. Tunatoboa dakti mahali palipotulia, angalau umbali wa mara 7 na nusu ya kipenyo baada ya kona, tunaingiza bomba la pitot, kijibomba cha kupimia kasi ya upepo, na kusoma kasi nukta nyingi, si katikati tu. Katikati upepo unakimbia, pembeni unajikokota. Ukipima katikati peke yake umempima mwanariadha ukasema ndio kasi ya mtaa. Siku moja wastani ulikuja mita 4 kwa sekunde. Dakti ya milimita 300 ina eneo la mita za mraba 0.0707, zidisha, zidisha tena na sekunde 3,600, unapata kama 1,018 kwa saa. Hudi ilisoma 945. Gawanya, inakuja 1.08. Hicho ndicho kizidisho cha hudi ile kwenye aina ile ya difyuza. Nasisitiza: aina ile. Ukikuta difyuza inayozungusha upepo kama kimbunga, kizidisho hicho hakina kazi, tafuta kingine.

Tofauti hiyo inatoka wapi? Sehemu ni hudi yenyewe kuwa mzigo. Umeweka kitambaa na gridi mbele ya hewa iliyokuwa inatoka kwa uhuru. Hewa inaona ugumu, sehemu yake inahamia difyuza za jirani. Ni kumpima mkimbiaji kasi huku umemshika shati. Baadhi ya hudi zina vibati unavyovifungua na kuvifunga, unapima mara mbili, nayo inakadiria hewa ingekuwa kiasi gani kama isingeshikwa shati. Kama yako inavyo, vitumie, hasa kwenye difyuza kubwa. Wengi huviacha wazi mwaka mzima kwa uvivu.

Kijana pale amenyoosha mkono. Sema, mwanangu.

Anauliza, na kama saiti haina dakti iliyonyooka hata mita moja? Swali zuri, maana ndiyo hali ya majengo mengi ya hapa. Dakti zinapinda kukwepa nguzo na mabomba kama boda boda wa Kariakoo. Kwanza, weka hudi katikati ya difyuza, soma, kisha izungushe robo duara, soma tena. Namba zikikubaliana, upepo unaingia sawasawa. Zikiachana sana, usiandike yoyote mpaka ujue kwa nini. Pili, tafuta uvujaji ukingoni. Mimi hutumia kijiti cha udi. Nakizungusha taratibu kando ya sponji, moshi ukitimuliwa ghafla mahali, hapo panavuja. Lakini sikiliza: udi usiuwashe karibu na kitambua moshi, na hospitalini penye oksijeni usiutaje hata jina. Huko tumia uzi mwepesi au ukanda wa tishu. Tatu, umeme ukikatika na kurudi, usipande ngazi papo hapo. Subiri feni ikae kwenye mwendo wake, kisha rudia difyuza ya mwisho uliyoipima kabla haujakatika.

Na mkipata kazi ya mikoani, kumbukeni mwinuko. Arusha iko kama mita 1,400 juu ya bahari, hewa yake ni nyepesi. Hudi isiyojua hilo itakupunja asilimia 8 au 9 bila ubovu wowote. Ingiza presha ya mahali, au chagua hudi inayojisomea yenyewe.

La mwisho ni wodi. Chumba cha kumtenga mgonjwa wa kifua kikuu, kiwango kinachotumika sana ni hewa kubadilishwa mara 12 kwa saa. Chumba cha mita 4 kwa 3 kwa 3 kina mita za ujazo 36, kwa hiyo grili ya kunyonya inatakiwa itoe 432. Hudi yako inazidisha asilimia 10, ikasoma 440. Unaandika imepita, unasaini. Ukweli ni 400, mara 11. Na grili ya kunyonya upepo unakwenda kinyume: hakikisha umeiambia hudi kwamba inanyonya, na mirija imekaa upande wake. Vaeni barakoa za N95 mkiingia, mwingie wakati muuguzi amekubali, na kitambaa kilichotoka humo kisafishwe kabla hakijaenda chumba cha upasuaji. Nimeona hudi ikitoka wodi moja kwenda nyingine kama trei ya chai. Nilimwambia aliyeishika, kwa sauti ya chini, na aliona haya kuliko ningempigia kelele.

Muda wangu unaniishia. Naomba vijana wawili waje mbele, wewe wa mlangoni na dada pale mwenye daftari. Miwani iko mfuko wa pembeni wa begi. Dada, wewe anza na mirija, iguse mmoja mmoja. Na aliye karibu na swichi, tafadhali, tuzimie pangaboi.